Ng'ombe Kumi wa Gidabuday

Kila Jumatatu saa tisa alasiri Hilda alikuwa na kikao na bosi wake, wao wawili tu, mlango umefungwa. Na kila Jumatatu saa kumi alitoka mle ndani na lile alilotaka kulisema likiwa bado mdomoni.

Bosi mwenyewe alikuwa Mzee Theodory, meneja wa shirika dogo la afya ya mifugo lenye ofisi ya vyumba vitatu pale Katesh. Alikuwa mtu wa Tlawi, huko juu Mbulu, ambako shamba ni vipande vya mteremko na mwenye shamba anajua kila kipande kimetoa debe ngapi. Ukutani nyuma ya kiti chake alikuwa amebandika maandishi makubwa: MALI BILA DAFTARI HUPOTEA BILA HABARI. Wapo wanaobandika msemo kama huo kwa mapambo. Theodory aliuishi. Alikuwa na kalamu ya bluu, nyeusi na nyekundu, na ile nyekundu ndiyo iliyokuwa ikiisha wino upesi.

Jumatatu moja dakika arobaini nzima zilikwenda kwenye kitabu cha safari za pikipiki, kwa sababu Hilda alikuwa ameandika kilomita za kwenda akasahau za kurudi.

"Sasa nitajuaje kama ulirudi?" Theodory aliuliza.

"Mzee, si niko hapa mbele yako?"

"Wewe nakuona. Pikipiki siioni kwenye karatasi."

Jumatatu iliyofuata ilikuwa zamu ya mwenyekiti wa kitongoji aliyeweka sahihi nje ya mstari. Iliyofuata tena, tarehe. Hivyo hivyo mpaka zikafika Jumatatu tano, na katika daftari la Hilda neno moja, Gendabi, likiwa limeandikwa juu ya ukurasa mara tano na kupigiwa mstari mara tano.

Usidhani Hilda alikuwa mnyonge. Alikuwa na miaka thelathini na moja, mzaliwa wa Masieda, afisa mifugo mwenye stashahada yake, na aliwahi kumkamata dume pembe huku wanaume wamekaa juu ya uzio wakitoa ushauri. Lakini dume unamkamata pembe. Mtu anayekuuliza kilomita za kurudi utamkamata wapi?

Jambo la Gendabi lilikuwa hivi. Mwaka uliopita homa ya mapafu iliingia kwa wafugaji wa Gendabi, kule bondeni, ikaua ng'ombe wengi hata wenyewe wakaacha kuzungumzia. Mwaka huu shirika lilikuwa limeahidi chanjo, na Hilda ndiye aliyekwenda boma kwa boma kutoa ahadi hiyo kwa mdomo wake. Oda ya chanjo ilipaswa kufika makao makuu Arusha, kwa bwana mmoja aitwaye Hilary, kabla ya Jumatano saa sita mchana. Ikishafungwa imefungwa. Mwisho wa mwezi wafugaji wangehama na mifugo kufuata malisho, na hapo hata ukiletewa chanjo ya lori zima, utamchanja nani?

Oda ilikuwa tayari mezani kwa Theodory. Chupa nane. Kila chupa dozi mia moja, na fomu za kaya hamsini na mbili za Gendabi zilionyesha ng'ombe mia saba na kumi. Hesabu safi kabisa, imejumlishwa mara mbili kwa penseli. Ilikuwa ya uongo, na Hilda alijua ni ya uongo kwa sababu aliiandika yeye.

Mfugaji wa Gendabi hamhesabii mtu ng'ombe wake. Kuhesabu kwa sauti ni kuwaita husuda na kifo waje wajionee. Ukimuuliza ana wangapi atatazama mlima Hanang kama vile hajakusikia. Mara ya kwanza Hilda aliheshimu jambo hilo, akaacha nafasi ya idadi wazi. Theodory akamrudishia fomu kumi na moja za kwanza, kila moja ina duara jekundu: *Jaza.* Basi akarudi, akauliza tena, akabembeleza. Wafugaji walipoona binti wa watu anahangaika juani na karatasi yake, wakamwonea huruma. "Andika kumi," mmoja akasema. Jirani naye akasema kumi. Wa tatu akajitahidi kuwa tofauti, akasema kumi na tano. Zilikuwa namba za adabu, kama mtu anavyosema ameshiba akiwa ugenini. Hilda akazijaza zote, Theodory akazipitisha bila hata duara moja, na sasa namba za adabu zilikuwa zinakwenda kuagiza chanjo.

Alhamisi alimweleza Dada Marieta, karani wa ofisi, mwanamke aliyefanya kazi na Theodory tangu shirika lilipokuwa na meza moja.

"Namchukia," Hilda alisema, akaweka kikombe chini. "Hapana, simchukii. Lakini Jumatatu hii akiniuliza habari za kilomita nitalia mbele yake."

Marieta alicheka. Kisha akafunga mlango kwa kisigino. "Unajua alikuwa afisa kama wewe? Kijana, huko Mbulu vijijini. Umeme ukakatika siku mbili, chanjo ikaharibika ndani ya friji. Aliyekuwa zamu hakuandika kwenye kitabu cha friji, mstari mmoja tu. Theodory akazibeba zile chupa, akachanja kijiji kizima. Alikuwa anachoma maji, mdogo wangu. Ng'ombe wakafa, na watu walikuwa wamemchinjia mbuzi wa shukrani."

Hilda alikisogeza kikombe pembeni.

"Yule hakuchunguzi wewe," Marieta akasema. "Anautafuta ule mstari. Atautafuta mpaka astaafu. Wewe unataka ashushe kalamu akusikilize, hataishusha. Ukitaka cha mvunguni sharti uiname. Mpe vitu vidogo vyote, ashibe, halafu ndiyo umwekee kikubwa. Na hicho kikubwa kiwe kimeandikwa mstari kwa mstari."

Ijumaa kabla ya saa tano Hilda alibisha hodi kwa Theodory ingawa haikuwa Jumatatu. "Shikamoo mzee."

"Marahaba. Kuna tatizo?"

"Hakuna. Nimekuletea mambo yote madogo ya wiki." Akaweka karatasi mbili mezani. Kilomita za kwenda na za kurudi. Sahihi na tarehe. Joto la friji asubuhi na jioni, siku saba, bila pengo. Pembeni aliacha nafasi pana. "Naomba uyapitie leo, uweke nyekundu unapotaka, mimi nitarekebisha kabla hatujakaa. Jumatatu nina jambo moja tu, na linahitaji saa yote."

Theodory alimtazama kama mtu aliyepewa nyama kabla hajaomba. "Jambo gani?"

"Oda ya Gendabi. Nitakuja na vielelezo."

Neno hilo vielelezo lilifanya kazi yake. Mzee alivaa miwani, akaanza na friji.

Jumamosi Hilda alipanda pikipiki, akaandika kilomita, akateremka Gendabi kwa Gidabuday. Huyu alikuwa mzee mrefu mwenye shuka nyeusi, ambaye mwaka uliopita alizika nusu ya zizi lake. Ndiye pia aliyewaambia wengine wampokee binti wa shirika, kwa hiyo kama ahadi ingevunjika, aibu ingekuwa ya watu wawili. Hilda alimwamkia, akaulizwa habari za nyumbani, za mvua Masieda, za mahindi, za wazazi. Aliyajibu yote kwa utulivu, kwani kule anayekimbilia shida yake kabla ya salamu hupewa maji ya kunywa na kusindikizwa.

"Baba," akasema mwishowe, "ile kumi niliyoandika itatuletea chanjo ya ng'ombe kumi."

Gidabuday alitazama zizini. "Wale wengine?"

"Watabaki hivyo hivyo."

"Lakini wewe uliwaona. Ulipita katikati yao."

"Mimi niliwaona. Karatasi haikuwaona."

Mzee alichora chini kwa fimbo, akafuta kwa mguu. "Namba sikupi, binti yangu. Hata baba yangu hakuwahi kunipa."

"Siombi namba. Wewe unajuaje jioni kwamba mmoja hajarudi?"

Hapo Gidabuday alicheka kwa mara ya kwanza, kana kwamba Hilda amemuuliza anajuaje watoto wake. "Si namtazama, simwoni? Yule mwenye baka jeupe tumboni anatembea nyuma ya mama yake. Mama yuko, yeye hayuko. Hapo nahesabu nini?"

"Basi nitajie hao. Mmoja mmoja, kwa rangi na kwa mama zao. Mimi nitaandika."

Akamwita mke wake mkubwa, wakashauriana kwa lugha yao. "Majina ni salamu, si hesabu," akasema akirudi. "Hayo nitakupa. Lakini ukishaandika, kalamu yako ikipata namba, ni yako. Usinisomee."

Wakaanza. Mwekundu mwenye pembe iliyoinama. Binti yake, mwekundu pia, sikio limechanika. Wa kijivu aliyekuja na bibi harusi. Mweusi mwenye mguu mmoja mweupe, na ndugu zake watatu. Mzee alisema akiwa amefumba macho, na zizi zima likapita mbele yake kama linarudi malishoni. Alipofika kwa waliokufa alisimama kidogo, akawaruka, akaendelea. Hilda aliona, na roho ilimuuma, lakini mkono haukuacha kuandika. Kabla jua halijawa kali sana Gidabuday alimpeleka kwa majirani watatu, akawaambia wao pia waisalimie mifugo yao kwa majina.

Jumatatu saa tisa karatasi mbili za Ijumaa zilikuwa mezani, zina alama nyekundu tatu tu, na zote tatu zilikuwa zimesharekebishwa. Theodory alizigeuza, akazigeuza tena. Ndiyo kwanza saa tisa na dakika nne, na hakuwa na la kuuliza. Hilda alikiri baadaye kwamba alifurahi kidogo kumwona hivyo.

"Haya," Theodory akasema. "Gendabi."

Hilda alimsogezea daftari. Hakueleza kitu. Theodory alisoma mstari wa kwanza akainua macho. "Hii nini?"

"Zizi la Mzee Gidabuday. Kila mstari ng'ombe mmoja."

Theodory alichukua kalamu nyekundu akaanza kusoma. Alisoma kama mtu anavyokula chakula cha kwao. *Wa kijivu aliyekuja na bibi harusi.* Alitabasamu, akajisahihisha, akaendelea. Ukurasa wa pili, wa tatu, wa nne. Dakika ishirini zikapita, Hilda mikono ameikalia.

"Ahaa!" Theodory akapiga kidole kwenye karatasi. "Huyu mweusi mwenye jicho moja yuko mstari wa kumi na saba. Na huyu hapa, sitini na tisa. Ni yule yule, mama yake ni yule yule. Umemwandika mara mbili."

Hilda aliinama akatazama. Kweli. Mzee alimtaja, mkewe akamtaja tena. "Umeona vizuri, mzee. Kwa hiyo si mia na kumi na wanane."

"Mia na kumi na saba," Theodory alisema kwa ushindi, akaiandika mwenyewe, kwa kalamu yake nyekundu, chini ya ukurasa.

"Mia na kumi na saba," Hilda akarudia, kisha akaweka fomu ya Gidabuday kando ya daftari. "Fomu inasema kumi."

Theodory alitazama fomu, akatazama namba aliyoiandika kwa mkono wake, na ungeweza kuona zinagombana.

"Majirani watatu?"

"Fomu za wote wanne zinasema arobaini na watano. Kwa majina, baada ya kumtoa huyo mwenye jicho moja, ni mia tatu na sabini."

Akafanya hesabu kwa penseli. Akairudia. "Mara nane na zaidi," alinong'ona. Kisha uso ukabadilika. "Na hizi kumi kumi aliziandika nani?"

"Mimi, mzee."

"Ukijua si kweli?"

"Nikijua."

Alivua miwani. Hakupaza sauti, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. "Hilda, mimi nimepitisha hizi. Nimeweka jina langu. Umeniletea uongo uliojazwa vizuri."

Angeweza kuomba radhi akaishia hapo, na saa ingekwisha salama. "Nilikosa, na nakuomba radhi," alisema. "Lakini naomba nimalize. Mara ya kwanza nilikuletea ukweli, ile nafasi ikiwa wazi, kwa sababu wale watu hawahesabu mifugo. Ukanirudishia fomu kumi na moja. Nilipoleta uongo hukunirudishia hata moja. Kwa hiyo tumekosa wote, mzee, mimi kwa kuandika na wewe kwa kupenda kilichojaa. Mimi nimekuja kutengeneza. Jumatano saa sita chupa nane zinakwenda kuwa za Gendabi, na ng'ombe elfu tano watabaki na ugonjwa wao. Naomba tuamue leo, sisi wawili: tunachanja karatasi au tunachanja ng'ombe?"

Hakuna aliyewahi kusema na Theodory hivyo katika chumba kile. Aliinuka, akaenda dirishani. Upepo ulikuwa unapiga vumbi barabarani.

"Bibi yangu Tlawi," alisema akiwa amempa mgongo, "alikuwa hakubali mtu atuhesabu wajukuu tukikaa kula. Anampiga mtu mwiko." Akageuka. "Nililijua hilo jambo. Nimelijua tangu mtoto, na bado nikaandika *Jaza*."

Akarudi akakaa. "Unataka chupa ngapi?"

"Sitini."

"Sitini! Chupa ikifunguliwa ina saa chache tu. Zikibaki ishirini zinaharibika mikononi mwetu. Hilda, mimi nimewahi kuchanja kwa chupa zilizokufa. Nilimwangalia mwenye ng'ombe usoni." Akavaa miwani tena. "Sirudii."

"Hutarudia." Sasa Hilda alifungua ukurasa wake wa mwisho, uliojaa mistari kama vile Theodory mwenyewe ndiye aliyeuandika. Hawatakwenda tena boma kwa boma. Watachanjia kwenye josho la Gendabi, ambako ng'ombe wote hupita kuogeshwa, siku tatu mfululizo kuanzia alfajiri. Hakuna chupa itakayofunguliwa kabla iliyotangulia haijaisha. Idadi itapatikana kwa chupa tupu na dozi zitakazobaki kwenye ya mwisho, wala hakuna mfugaji atakayeulizwa kitu. Barafu ya makasha ya kubebea chanjo itabadilishwa kila baada ya saa nne. Na zikibaki chupa ambazo hazijafunguliwa, siku ya nne zinapanda kwa wakulima wa Masieda na Tlawi, ambao ng'ombe wao wako bandani, wana hereni za namba masikioni, na wamekuwa wakiomba chanjo tangu mwaka juzi.

Theodory alipitia mistari yote. Aliuliza maswali kumi na saba. Nani anabeba barafu? Mvua ikinyesha? Nani anaandika joto la kasha, na kwa saa ipi? Hilda alijibu yote, na katikati ya swali la kumi hivi aligundua kitu kilichomfanya karibu acheke: kwa mara ya kwanza maswali ya mzee yalikuwa yanausukuma mzigo mbele. Saa kumi na nusu Theodory alikata nane, akaandika sitini, akaweka sahihi ndani ya mstari.

"Na Jumatatu zetu," alisema, "vitu vidogo uwe unaleta Ijumaa."

"Ndiyo mzee."

"Vyote."

"Vyote, mzee."

Wiki ya mwisho ya mwezi walikuwa joshoni. Theodory alikuja mwenyewe siku zote tatu, na buti za mpira na daftari, akasimama kando ya makasha ya barafu. Hakuna aliyefungua chupa bila yeye kutazama saa. Ng'ombe walikuja kwa makundi, vumbi likapanda, wakaingia kwenye njia nyembamba ya miti mmoja nyuma ya mwingine, na Hilda akachoma mpaka bega likafa ganzi. Wafugaji walimtazama yule mzee wa daftari kwa mashaka. Kila akiandika, sauti zilishuka.

Siku ya tatu, mchana, zizi la Gidabuday lilikuwa la mwisho. Mweusi mwenye jicho moja alipita, akachomwa mara moja tu. Simu ya Theodory ikalia. Alikuwa Hilary wa Arusha, na kwa kelele za ng'ombe ilibidi aiweke kwenye spika.

"Mzee Theodory! Naandika ripoti hapa. Gendabi mmechanja ng'ombe wangapi?"

Fimbo zote ziliacha kugonga. Wanaume waligeuka. Gidabuday, aliyekuwa hatua tatu tu kutoka kwenye simu, alitazama pembeni, kule mlimani, uso umefungwa. Hilda alishusha sindano. Alijua kwamba Theodory anayo namba, kamili, mpaka ng'ombe wa mwisho, iko ukurasa uliofunguliwa mkononi mwake, na kwamba hakuna kitu duniani alichokipenda kama kuulizwa namba akiwa nayo. Aliona midomo yake ikianza kufunguka.

"Wote," Theodory alisema.

"Wote wangapi, mzee?"

"Wote, Hilary. Hakuna aliyebaki."

Akakata simu, akafunga daftari. Gidabuday, ambaye kwa siku tatu hakuwa amemwambia zaidi ya salamu, alisogea akasimama karibu naye, bega kwa bega, wakatazama ng'ombe wakiondoka.